Pasheni ya Nchi ya Joto: Sababu ya Maua Mengi Kukosa Matunda

Katika pwani ya Kenya, tangu Kwale mpaka Malindi, si jambo geni kuona mmea wa pasheni, ambao wengine huuita karakara, umetanda juu ya ua wa nyumba, majani yake mabichi na maua yake tele, nao hauna hata tunda moja. Mwenyewe huulaumu udongo, au huilaumu mvua. Wengine husema waliuziwa mmea dume. Mara nyingi lawama hizo si za haki. Mmea una afya njema, ila umepandwa peke yake, au maua yake hayapati wa kuyahudumia.

Pasheni asili yake ni Amerika ya Kusini. Jina lake halikutokana na utamu wa tunda, bali na ua. Wamisionari wa Kihispania walipoliona huko, waliona ndani yake mfano wa Mateso ya Yesu: duara la nyuzi ni taji ya miiba, vikonyo vitatu vya juu ni misumari, na vifuko vitano vya chavua ni majeraha matano. Neno la Kizungu la mateso hayo ndilo lililogeuka likawa pasheni. Mkulima naye yafaa alitazame ua hilo kwa uangalifu uo huo, maana sehemu hizo hizo ndizo zitakazomwonyesha kwa nini hapati matunda.

Kuna aina mbili zinazolimwa sana. Pasheni ya zambarau hupenda nchi za juu zenye ubaridi, kama Kisii na Meru; ikiletwa kwenye joto kali huota majani mengi na kutoa maua machache. Pasheni ya manjano ndiyo ya nchi ya joto. Tunda lake ni kubwa zaidi na maji yake ni makali kidogo. Lakini iko tofauti nyingine iliyo kubwa kuliko rangi. Ua la zambarau laweza kuzaa kwa chavua yake lenyewe. Ua la manjano haliwezi. Hulikataa unga wake lenyewe, na hukataa pia unga wa ua jingine la mmea ule ule. Hata mtu akikata vipande kumi vya mmea mmoja na kuvipanda shamba zima, hiyo yote ni sawa na mmea mmoja, wala haitazalishana.

Kwa sababu hiyo, mwenye kupanda pasheni ya manjano asichukue mbegu katika tunda moja. Achukue katika matunda mengi, yaliyochumwa katika mimea mbalimbali, kisha aichanganye miche yake shambani.

Ua la manjano hufunguka yapata saa sita mchana na kufunga jioni, na siku yake ni hiyo moja tu. Linapofunguka, vile vikonyo vitatu husimama wima juu, mbali na vifuko vya chavua. Baada ya muda, kama saa moja hivi, hujipinda na kushuka. Hapo ndipo ua huwa tayari. Anayekuja kulihudumia ni yule nyuki mkubwa mweusi anayetoboa miti. Akiingia kunywa maji matamu, mgongo wake hugusa vifuko, ukajaa unga. Akienda kwenye ua la mmea mwingine, huupaka katika vikonyo. Nyuki wadogo wa asali hawatoshi kwa kazi hii: miili yao haifiki juu, tena huusomba unga kabla ya mkubwa kufika.

Wenye nyumba humchukia nyuki huyo kwa kutoboa boriti zao. Mwenye pasheni na amkaribishe. Magogo makavu ya mti laini yakiachwa kandokando ya shamba yatampa makao, naye hataihitaji boriti. Dawa ya wadudu isinyunyizwe maua yakiwa wazi. Ikiwa hapana budi, inyunyizwe asubuhi na mapema, maua ya jana yamekwisha kufunga na ya leo hayajafunguka.

Pasipo na nyuki hao, kazi hiyo yaweza kufanywa kwa mkono, na mama mwenye mimea michache huimaliza kwa muda mfupi. Baada ya saa saba, achukue unga kwa ncha ya kidole katika ua la mmea wa kwanza, aupake katika vikonyo vyote vitatu vya ua la mmea wa pili, na ule wa pili aupeleke kwa wa kwanza. Asiubanie unga. Kila mbegu ndani ya tunda huwa na kifuko chake cha maji; unga ukiwa haba, mbegu huwa chache, na tunda huwa jepesi, nusu tupu. Siku ya mvua unga huharibika, hivyo kazi ya siku hiyo ni bure.

Mengine ya upandaji si magumu. Shimo la futi moja na nusu kila upande, samadi iliyooza vema, nguzo imara, na waya juu yake kiasi cha kimo cha mtu. Maji yasituame shinani.

Pasheni hii ya manjano ina faida hata kwa mkulima wa nchi za juu ambaye hatauza tunda lake hata moja. Katika udongo mko ugonjwa wa kuvu unaoingia mizizini na kuziba njia za maji, hata mmea wa zambarau uliojaa matunda hunyauka wote na kufa. Ukilikata shina utaona rangi ya kahawia ndani. Kuvu hiyo hukaa ardhini miaka mingi, na dawa ya kuuponya mmea uliokwisha kuugua hakuna. Mizizi ya manjano huustahimili ugonjwa huo. Basi hupandwa mche wa manjano, hukatwa ukifikia unene wa kalamu ya risasi, na kichipukizi cha zambarau huunganishwa juu yake. Wakati wa kupanda, kiungo kikae juu kabisa ya udongo. Akikifukia, ile zambarau itatoa mizizi yake yenyewe, na ugonjwa utaingia kwa mlango huo.

Tunda la manjano likiiva huanguka lenyewe. Yaokotwe kila siku, kabla ya jua kuyachoma. Lililokunjamana ngozi kidogo lisitupwe, kwa kuwa ndilo tamu zaidi, ingawa sokoni wanunuzi hupenda lile laini.