Masahiro Shinoda na Padre Aliyekanyaga Sura ya Kristo

Wengi wetu tumetazama au kusikia habari za filamu ya Martin Scorsese ya mwaka 2016 kuhusu mapadre Wajesuiti walioteswa Japani. Ni wachache wanaojua kwamba Mjapani mmoja alikwisha kuitengenezea filamu hadithi hiyohiyo mwaka 1971. Katika somo hili tumtazame mwongozaji huyo, Masahiro Shinoda, na swali alilotuachia.

1. Maisha na kazi yake

Shinoda alizaliwa Gifu tarehe 9 Machi 1931. Kizazi chake kilifundishwa kwamba Mfalme Mkuu wa Japani ana asili ya kimungu na kwamba kumfia ni heshima. Vita viliisha Shinoda akiwa na miaka 14, na Januari 1946 Mfalme mwenyewe akatangaza kwamba yeye si mungu.

Shinoda alisomea historia ya michezo ya kuigiza katika Chuo Kikuu cha Waseda. Mwaka 1953 aliingia kampuni ya filamu ya Shochiku kama mwongozaji msaidizi, na mwaka 1960 akatoa filamu yake ya kwanza. Baadaye aliiacha kampuni hiyo akaanzisha yake.

Filamu zake nyingi zinahusu historia, na ndani yake tunamkuta mara kwa mara mtu aliyebanwa kati ya moyo wake na nguvu za wakubwa. Mwaka 1964 alisimulia maisha ya Kiyokawa Hachiro, samurai aliyeuawa mwaka 1863 katika misukosuko ya mwisho wa utawala wa Tokugawa. Mwaka 1969 aliuchukua mchezo wa vikaragosi wa Chikamatsu kuhusu mfanyabiashara wa karatasi na mwanamke aliyempenda, ambao sheria na desturi ziliwasukuma hadi kujiua. Filamu yake ya mwisho, ya mwaka 2003, inahusu Richard Sorge, mpelelezi wa Kisovieti aliyenyongwa Tokyo mwaka 1944. Shinoda alifariki tarehe 25 Machi 2025.

2. Filamu ya "Ukimya"

Filamu ya 1971, Chinmoku, yaani "Ukimya", inatokana na riwaya ya Shusaku Endo, mwandishi Mkatoliki, ambaye pia alishiriki kuandika mswada wa filamu. Padre Rodrigues anaingia Japani kwa siri katika karne ya 17, Ukristo ukiwa umepigwa marufuku. Anamtafuta mwalimu wake, Padre Ferreira, anayesemekana kuikana imani. Ferreira ni mtu wa kweli wa historia: alikana mwaka 1633 baada ya kuning'inizwa kichwa chini shimoni.

Rodrigues yuko tayari kufa. Lakini watesi hawamtaki afe. Wanawatesa waamini wengine, kisha wanamwambia kwamba akikanyaga bamba lenye sura ya Kristo, wale watapona. Anakanyaga.

3. Miisho miwili

Hapa Endo na Shinoda wanaachana. Katika riwaya, hata baada ya kuanguka, Rodrigues anaendelea kumpenda Kristo kwa namna mpya, yenye maumivu. Shinoda anaifunga filamu yake ndani ya nyumba ambayo serikali imempa padre huyo, pamoja na mjane wa Mkristo aliyeuawa. Hatuonyeshwi faraja yoyote. Dola imeshinda, na mtu amevunjika.

Tusikimbilie kumlaumu mwongozaji. Anatuonyesha anguko lilivyo likitazamwa kutoka nje. Jirani asiye na imani huliona hivyo padre, frateri au katekista anapoanguka, na huona kwamba habari imeishia hapo.

4. Fundisho kwetu

Kanisa linawaheshimu wafiadini. Kila tarehe 6 Februari tunamkumbuka Paulo Miki na wenzake, waliosulubiwa Nagasaki mwaka 1597. Kukana imani si jambo dogo, na hakuna huruma inayoweza kuligeuza kuwa jema.

Lakini Kanisa halijapata kusema kwamba aliyeanguka hana njia ya kurudi. Baada ya dhuluma ya Kaisari Desio mwaka 250, wengi waliokuwa wamekana waliomba kurudi. Novasiano alikataa kuwapokea. Mtakatifu Sipriani, askofu wa Kartago, pamoja na maaskofu wenzake, walifungua mlango kwa njia ya toba. Petro naye alilia kwa uchungu (Lk 22:62), na kando ya ziwa akaulizwa mara tatu kama anampenda Bwana (Yn 21:15-17).

Shinoda alizima kamera kwenye ua wa kuhani mkuu, jogoo akiwa amekwisha kuwika. Kazi ya padre ni kumtembeza aliyeanguka kutoka ua ule hadi ziwani.

Maswali ya kujadili

1. Je, Rodrigues alikana kwa upendo, kwa woga, au kwa vyote viwili?
2. Katika jumuiya yetu, ni nani tuliyemfungia hadithi mapema mno?
3. Tunampokeaje anayerudi kwenye Kitubio kwa kosa lilelile?