Mdaiwa Mwenye Uwezo na Mdaiwa Aliyefilisika

Bismillahi Rrahmani Rrahim.

Ndugu msomaji, mtu aliye ugenini hukopa, kisha kazi ikakatika, na mdai wake akaenda mahakamani. Hapo huulizwa: je, yafaa mtu kufungwa kwa deni? Jawabu haipatikani mpaka kwanza ijulikane hali ya mdaiwa.

Fahamu kuwa mbele ya hakimu yapo mambo mawili, wala halichanganywi moja na jingine. La kwanza ni kuthibiti kwa deni, kwa kukiri mdaiwa au kwa ushahidi. La pili ni uwezo wake wa kulipa. Mwenye mali akichelewesha, Mtume (S.A.W.) amekuita kuchelewesha huko dhulma, hakimu humlazimisha, humfunga, na huiuza mali yake ili mdai apate haki yake. Ama asiye nacho, Aya ya 280 ya Suratul Baqara imeamrisha apewe muhula mpaka apate wasaa, na kumsamehe ni kheri zaidi. Fakiri hata akifungwa mwaka mzima hatoki na kitu, na watoto wake ndio watakaolala njaa.

Taabu ni kuwa kila mdaiwa afikapo kwa kadhi husema hana kitu. Wanavyuoni wengi wamefarikisha. Deni lililotokana na mali iliyoingia mkononi mwake, kama mkopo au bei ya bidhaa, asili yake ni kuwa mali hiyo anayo, na ni juu yake kuthibitisha kuwa imeangamia. Ama lisilotokana na mali aliyoipokea, kama fidia ya kitu alichokiharibu, hukubaliwa kauli yake kwa kiapo, mpaka mdai alete ushahidi. Katika miaka yangu ya ukadhi alinijia mtu akaapa kuwa ni fakiri, kumbe duka lake ameliandikisha kwa jina la shemeji yake wiki moja kabla ya kesi. Tangu hapo sikutosheka kumuuliza mtu ana nini leo. Nilimuuliza alikuwa na nini siku aliyokopa, na kimekwenda wapi.

Akithibiti kuwa ni muflisi wa kweli, yapo mafundisho katika hadithi ya Abu Said al-Khudri iliyomo katika Sahihi Muslim. Mtu alinunua matunda, yakapatwa na maafa, madeni yakamzidi. Mtume (S.A.W.) akawaamrisha watu wamtolee sadaka, zisipotosha, akawaambia wadai wachukue walichokikuta, na zaidi ya hicho hawana. Muflisi huachiwa nguo zake na chakula cha watu wake. Juu ya nyumba na zana za kazi wanavyuoni wamekhitalifiana. Mimi naona ikiuzwa cherehani ya mshonaji, mdai amejikatia mwenyewe njia ya kulipwa.

Walioko Uingereza wana mas-ala yao. Huko kifungo cha deni kiliondolewa kwa sehemu kubwa na sheria ya mwaka 1869, kikabakizwa kwa baadhi ya wenye uwezo waliokataa kulipa. Na leo anayetangazwa kufilisika, kwa kawaida baada ya miezi 12 huondolewa madeni yake mengi. Ndugu yangu, hapo mdai amefungiwa mlango wa mahakama tu. Haki yake mbele ya Mwenyezi Mungu haianguki ila akisamehe kwa radhi yake. Ukipata wasaa hata baada ya miaka kumi, mtafute, na akiwa amekufa watafute warithi wake. Na hukumu hiyo hiyo inamhusu aliyepanda ndege usiku kulikimbia deni la Ghuba.

Wenye madeni wametajwa katika Aya ya 60 ya Suratut Tawba miongoni mwa wanaostahiki zaka. Nchini Oman, jumuiya ya mawakili ilianzisha mwaka 2012 mpango wa Fakk Kurba, unaowalipia waliofungwa kwa kushindwa kulipa. Basi mwenye zaka na amtazame kwanza mdaiwa aliye jirani yake. Naye mdaiwa asingoje barua ya mahakama: amwendee mdai na karatasi za mshahara wake na kodi ya nyumba, amwonyeshe hali yake ilivyo, na waandikiane muda mbele ya mashahidi wawili.

Wallahu aalam.