Binti za Selofehadi na Kihamba cha Baba

Somo: Hesabu 27:1–11, 36:1–12, Yoshua 17:3–6

Somo letu latufundisha habari za urithi wa baba.

Selofehadi, mtu wa kabila la Manase, alikufa jangwani, wala hakuacha mtoto wa kiume. Aliacha binti watano: Mala, Noa, Hogla, Milka na Tirza. Hao walisimama mbele ya Musa na kuhani na wakuu wote, wakauliza kwa nini jina la baba yao lipotee katika ukoo kwa kukosa mwana. Angalieni, hawakutetea matumbo yao tu. Walitetea jina la baba. Musa hakukata shauri kwa akili yake, bali alilipeleka kwa Mungu. Naye Mungu akawapa haki, akaifanya kuwa sheria kwa Israeli wote.

Na sasa tutazame kwetu Kilimanjaro. Kihamba kwa Mchaga si shamba tu. Ndipo ilipo migomba na kahawa, ndipo walipozikwa wazee, na mipaka yake ni masale. Kwa desturi mwana wa kwanza hupewa sehemu yake, na kitindamimba huachiwa nyumba ya baba. Desturi hii imezilinda koo zetu vizazi vingi. Lakini baba asipoacha mwana, pengine ndugu zake huja kabla matanga hayajaisha, na binti huambiwa, “Wewe ni wa kuolewa, hapa si pako.” Je, damu ya baba imo katika wana wa kiume peke yao?

Wazee husema kwamba kihamba kitakwenda kwa ukoo mwingine. Hofu hiyo si ya bure. Wazee wa Manase nao waliileta kwa Musa, ikasikiwa: binti wale wakaolewa na wana wa ndugu za baba yao. Lakini urithi hawakunyang'anywa. Yoshua aliwapa fungu lao. Na katika Tanzania, sheria za ardhi za mwaka 1999 zimempa mwanamke haki ya kumiliki ardhi sawasawa na mwanamume.

Basi, walimu, msingoje ugomvi wa matangani. Mwulizeni baba angali hai, “Binti zako umewawekea nini?” Naye aandike mbele ya mashahidi. Aliyebatizwa pamoja na ndugu zake, akala nao meza moja ya Bwana, atafukuzwaje nyumbani kwa baba yake?

Maswali ya kujibu:
1. Binti za Selofehadi walitetea nini?
2. Hofu ya wazee ilijibiwaje?
3. Katika mtaa wako, ni nani aliyeambiwa “hapa si pako”?