Upande wa pili wa santuri: Super Mazembe kwa wanaosoma lugha

Mwanafunzi anayetaka kuandika TFE juu ya lugha ya Super Mazembe huanza na albamu, kwa kuwa ndizo zinazopatikana upesi. Mimi ningemshauri aanze na santuri ndogo.

Bendi hiyo ilizaliwa Kongo mwaka 1967 kwa jina la Super Vox, ikiongozwa na Mutonya wa Mutonya. Ilipitia Zambia, ikafika Nairobi mwaka 1974 na kuchukua jina la mitambo mikubwa inayosawazisha barabara. Soko la Nairobi lilikuwa la santuri zinazozunguka mara 45 kwa dakika. Upande mmoja ulibeba dakika chache tu, basi wimbo ulikatwa katikati: kwanza hadithi, kisha unageuza santuri na kukutana na sebene. Huko nyuma magitaa hutawala, lakini midomo haifungwi. Wapigaji huitana kwa majina, husalimu, huchochea. Kwetu sisi wa lugha, hapo ndipo usemi usioandikwa kwanza unaposikika, na ndipo wengi wetu huacha kunukuu!

Mwanzoni mwa miaka ya 1980 kampuni ya Virgin ilitoa *Kaivaska* kwa wasikilizaji wa Uingereza. Mwaka 2001 ukaja mkusanyo *Giants of East Africa*, ambamo nyimbo ndefu zinatiririka bila mtu kugeuza chochote. Ni raha kusikiliza hivyo. Lakini mkusanyo hupangwa na mchaguzi aliye mbali na dansi, na anayeusoma kama kitabu kimoja cha bendi atasema mengi ambayo bendi haikusema.

Chukua "Shauri Yako". Kiswahili chake kilikuwa tayari kimerekodiwa na Nguashi N'Timbo akiwa na Festival du Zaïre. Kwa hiyo swali "Mazembe walisema Kiswahili gani?" halijibiwi kwa maneno peke yake, lazima usikie matamshi, ulinganishe marekodi mawili.

"Kasongo" ni jambo jingine. Mke anamsihi mumewe arudi nyumbani, na lugha inayobeba ombi ni Kilingala. Jina la mume, lakini, ni la Kiluba. Mimi ni mtu wa Mulongo. Kwetu jina hilo halichekeshi. Ni jina la wafalme, na Kasongo Nyembo ni cheo ambacho kila mtu wa Kamina anakijua. Kuanzia mwishoni mwa 2024 Wakenya walimbandika Rais William Ruto jina hilo kwa kejeli, wakiutumia wimbo huohuo. Kamusi ya Kiluba haina maana hiyo. Imezaliwa Nairobi, ndani ya wimbo wa Kilingala, miaka mingi baada ya santuri kutoka.

Anayetafuta mada ya utafiti aanze hapo: anukuu pande zote mbili, miito pamoja na majina, kabla ya kufungua albamu yoyote.