Kadi ya Mkopo na Gari la Kukodi: Nani Atalipa Nini?

Baadhi ya kadi za mkopo za wasafiri, hasa zile zinazotolewa Marekani, humpa mwenye kadi kinga anapokodi gari. Ndugu zetu waishio huko huja likizo Tanzania wakiwa na kadi hizo, na wapo wanaoamini kuwa kadi ikishakuwa na bima hakuna la kuuliza zaidi. Katika somo hili tunaeleza mipaka ya kinga hiyo na hatua za kuchukua kabla ya kuliwasha gari.

1. Kadi hufidia gari tu

Kwa kawaida kinga ya kadi hufidia uharibifu wa gari lililokodiwa, au wizi wa gari hilo. Haimfidii mtembea kwa miguu aliyegongwa, wala mwenye gari jingine lililoharibiwa. Madhara hayo ni ya bima dhidi ya mtu wa tatu, ambayo wengi huiita bima ndogo. Sheria ya Bima ya Magari, Sura ya 169, imeifanya bima hiyo kuwa ya lazima.

Tuchukue mfano. Mteja amekodi gari Arusha kwa kadi ya namna hii, akamgonga mwendesha bodaboda aliyevunjika mguu. Matengenezo ya gari ni shilingi 4,000,000 na matibabu ya majeruhi ni shilingi 6,000,000. Kadi yaweza kurejesha zile milioni nne; katika zile sita haitoi hata senti moja. Iwapo bima ya gari imekwisha muda, au ilikatwa kwa matumizi binafsi ilhali gari linakodishwa, kampuni ya bima inaweza kuyapinga madai. Majeruhi atabaki na maumivu yake, na mteja atadaiwa.

2. Mambo yanayoweza kuiondoa kinga

(a) Malipo. Kadi nyingi hutaka gharama yote ya kukodi ilipwe kwa kadi hiyo, na mkataba uwe kwa jina la mwenye kadi. Ukilipa nusu kwa kadi na salio kwa fedha taslimu au kwa simu, unajihatarisha.

(b) Ahadi ya kampuni ya magari. Kampuni inaweza kukuuzia ahadi kwamba haitakudai gari likiharibika. Ukiinunua, kinga ya kadi kwa kawaida haitumiki. Ukiikataa kabla ya kuhakiki kadi yako, unaweza kukosa yote mawili.

(c) Gari na njia. Pikapu, pikipiki na magari ya kifahari mara nyingi hayamo. Kuendesha nje ya barabara nako mara nyingi hakumo. Aendaye mbugani aulize mapema.

(d) Dereva na mwenye gari. Kinga imekusudiwa mwenye kadi anayeendesha mwenyewe gari la kampuni ya kukodisha. Usiitegemee ukiendeshwa na dereva wa kampuni, au ukiazima gari la mtu binafsi kwa malipo.

(e) Muda. Baadhi ya kadi huishia siku 15 ndani ya nchi ya makazi na siku 31 nje yake.

3. Kabla ya kuchukua ufunguo

Iombe benki iliyotoa kadi ikujibu kwa maandishi kama kinga inatumika Tanzania, na kwa gari la aina gani. Iombe kampuni ikuonyeshe hati ya bima ya gari. Soma tarehe ya mwisho, namba ya gari, na kama matumizi ya kukodishwa yametajwa. Piga picha za gari pande zote.

Kumbuka pia kwamba kadi hurejesha gharama baadaye. Kampuni inaweza kukukata fedha kwanza, hivyo uwe na akiba. Ajali ikitokea, chukua ripoti ya polisi, tunza mkataba na stakabadhi zote, na uitaarifu benki bila kuchelewa, kwa kuwa madai yana ukomo wa siku.

Kwa ufupi, uliza maswali mawili: gari likiharibika, nani analipa? Mtu akiumia, nani analipa? Ukikosa jibu la maandishi kwa swali la pili, usilichukue gari hilo.