Kibali cha Kumshtaki Mtumishi wa Serikali

Katika nchi ya India, karani wa Serikali akishtakiwa kwa kula rushwa, mahakama haiwezi kuipokea kesi mpaka kibali kitolewe. Ndivyo isemavyo Sheria ya Kuzuia Rushwa ya mwaka 1988, kifungu cha 19. Mwenye kutoa kibali ni yule awezaye kumwondoa karani huyo kazini.

Shabaha ni kumlinda mtumishi mwaminifu asisumbuliwe kwa fitina. Lakini kibali kikikawia, ngao hiyo humficha mla rushwa, na aliyedhulumiwa hungoja bure. Kwa hiyo mwaka 1997 Mahakama ya Juu iliagiza kibali kiamuliwe katika miezi 3. Mwaka 2018 Bunge likautia muda huo katika sheria.

Ikumbukwe kwamba kibali si hukumu. Hatia huamuliwa na mahakama.