Nchi Moja katika Jumuiya Tatu

Mkulima wa Songea aujua ujima: leo jirani zake wamlimia yeye, kesho yeye awalimia wao. Lakini akijiunga na ujima wa vijiji vitatu, navyo vyote vikamwita siku moja, atakwenda wapi? Swali kama hilo liliipata nchi yetu.

Mwaka 2000 Tanzania ilikuwa katika jumuiya tatu. Ya kwanza ni Jumuiya ya Afrika Mashariki, ambayo mkataba wake ulitiwa sahihi Arusha tarehe 30 Novemba 1999. Ya pili ni SADC, ya nchi za kusini mwa Afrika. Ya tatu ni COMESA, yaani Soko la Pamoja la Mashariki na Kusini mwa Afrika, lenye makao yake Lusaka. Kila moja yataka ada na wajumbe wa mikutano.

Tena COMESA ilikuwa karibu kuondoa ushuru wa forodha kati ya nchi zake, na watu wakabishana. Wengine walisema kwamba hazina ya serikali itapungua, na bidhaa za nje zitavishinda viwanda vyetu vichanga. Lakini wenye viwanda wengine waliona kwamba tukitoka, bidhaa zetu ndizo zitakazotozwa ushuru kwa wenzetu. Fikirini, wanafunzi: ushuru humkinga mwenye kiwanda, nao humlemea mnunuzi. Basi kila upande ulikuwa na neno la kweli.

Serikali ikakata shauri, na mwezi wa Septemba 2000 Tanzania ikatoka COMESA. Mwezi uliofuata nchi tisa, zikiwamo Kenya, Malawi na Misri, zikaanza biashara huru.

Je, tulipotewa na masoko hayo yote? La. Kenya ni mwenzetu katika Afrika Mashariki, na Malawi, ng'ambo ya Ziwa Nyasa, ni mwenzetu katika SADC. Lakini Misri haimo katika jumuiya hizo mbili. Kwa hiyo shauri halikuisha: mwaka 2015, huko Misri, ulitiwa sahihi mkataba wa kuziunganisha jumuiya zote tatu katika biashara huru, nao ukaanza kutumika mwaka 2024.

Maswali
1. Kwa nini watu wengine walitaka Tanzania itoke COMESA?
2. Ushuru ukiondolewa, nani hupata faida, na nani hupata hasara?
3. Kama ungaliulizwa mwaka 2000, ungalijibu nini?